Sikio la Mtamba na Michezo ya Tuntufye

Tunduma,
10 Februari 2025

Kwako Bibi yangu,

Shikamoo Bibi. Natumaini barua hii itakukuta umekaa kivulini, mguu umetulia, na joto la Kamsamba limekuonea huruma kidogo. Mimi huku ni mzima, isipokuwa kikohozi cha moshi wa malori yanayosubiri kuvuka mpaka. Si cha kutisha.

Bibi, kompyuta nimeipata! Ndama uliyemuuza hakwenda bure. Nimeinunua kwa Josephat, anayeuza vitu vilivyotumika karibu na stendi. Amesema imetoka Zambia kwa mtu wa ofisi. Nimeiweka kwenye fremu ya dada Stumai, yule fundi cherehani kutoka Tanga niliyekusimulia. Amenipa kona ya mlangoni, na kibao nimeshatundika: EDINA STESHENARI.

Mteja wa kwanza ni mwalimu wa kwaya ya parokia. Anataka kitabu cha nyimbo za Pasaka, nyimbo mia na ishirini pamoja na picha za wanakwaya, kiwe tayari mwisho wa Machi. Kikitoka kizuri nitapata kazi zote za parokia. Kikiharibika, dada Stumai ameniambia bila kuficha kwamba kona hii ina msusi anayeisubiri.

Sasa shida. Kompyuta imejaa, Bibi. Ni kama ghala ambalo mtu amelinunua akakuta magunia ya mwingine mpaka darini. Ndani kuna magemu kumi na manne, ya mpira, ya magari, ya kujenga miji. Nikitaka kuingiza picha za kwaya, inaniandikia hakuna nafasi, na ule mstari unaoonyesha nafasi umekuwa mwekundu kama pilipili. Jana nikayafuta yote kwenye uso wa mashine, nikafurahi. Leo nimewasha, mstari ni ule ule. Fundi mmoja kanicheka: "Umebandua kibao cha duka, dada. Bidhaa zote zimo ndani."

Niombee niyatoe upesi. Nina siku chache.

Mjukuu wako,
Edina


Kamsamba,
16 Februari 2025

Mke mwenzangu Edina,

Marahaba. Mguu upo, unauma, usiulize tena. Joto halijui huruma ni nini. Ng'ombe wazima, mpunga umesimama vizuri, kuku mmoja kachukuliwa na kicheche, na baba yako mdogo ni mzima pamoja na kelele zake zote. Hicho kikohozi chako chemshia tangawizi, na uache kunywa masoda ya baridi.

Anayeandika ni katekista Felix, kama siku zote, kwa sababu shule mimi niliiona kwa nje nikipita na ng'ombe. Ameniambia barua haianzi na "mke mwenzangu." Nimemwambia nakuita hivyo tangu siku babu yako Bugalama alipokupakata mara ya kwanza akasahau kwamba mimi sijanywa chai. Andika, Felix, wala usinitilie sukari.

Na jambo hili usinipigie kwenye simu ya baba yako mdogo. Simu ikikatika imekatika, na yeye husikiliza kwanza ndipo anipe. Barua nasomewa mara tatu.

Sasa nijibu. Hiyo michezo ni ya nani?

Felix amenieleza kwamba ni vitu vya watoto, wanavichezesha kwa vidole. Basi kuna mtoto. Mtu wa ofisi gani anauza mashine na michezo ya mwanawe imo ndani? Mtu akiuza kabati anatoa nguo zake kwanza. Ukinunua kabati ukakuta nguo za mtoto zimekunjwa vizuri, huulizi mtoto yuko wapi?

Ng'ombe mgeni akiingia zizini kwangu, kitu cha kwanza natazama sikio. Kila mwenye ng'ombe ana mkato wake, wetu unaujua, pembe moja ya sikio nyuma na tundu katikati. Nikikuta mkato wa mtu mwingine, nitamlisha ng'ombe huyo, nitamnywesha, hata kumkamua nitamkamua. Lakini kisu changu hakigusi sikio. Natangaza mnadani, natangaza kanisani, nasubiri mwenyewe aje.

Hiyo michezo ndiyo sikio la hiyo kompyuta. Usiiguse. Nenda kwa Josephat akutajie jina la mtu aliyemuuzia. Akikuzungusha, ujue umeshajibiwa.

Nimempa Balthazar wa lori la mpunga mchele debe moja na samaki wakavu. Usigawe wote, nakujua. Dada Stumai mpe, anaonekana ana akili.

Ndama yule nilimpenda. Wewe nakupenda zaidi, ndiyo maana nakugombeza.

Bibi yako


Tunduma,
24 Februari 2025

Bibi yangu,

Shikamoo. Mzigo umefika salama, na dada Stumai anasema mchele wako unanukia mpaka chumba cha pili. Kikohozi kimepungua. Poleni kwa kuku.

Bibi, usikasirike. Kompyuta si ng'ombe. Kila kompyuta iliyotumika inakuja na takataka za mwenyewe wa kwanza, ndivyo ilivyo mjini. Kwa Josephat nilikwenda, usiseme sikukusikiliza. Alicheka akasema, "Zambia ni kubwa, mdogo wangu, nikamtafute nani? Wewe chapa kazi." Akarudi kupanga redio zake.

Barua yako ilinikuta nimeshaanza. Yule fundi alinionyesha mahali ndani ya mashine penye orodha ya kila kitu kilichowekwa. Unachagua gemu, unaamuru liondolewe, mashine inakuuliza kama una hakika, unakubali. Kisha unakwenda kwenye pipa la taka la mashine na kulimwaga, maana lisipomwagwa, ulichoondoa kinaendelea kukaa. Kwa siku moja niliyatoa kumi na moja. Cha ajabu, mstari mwekundu ulirudi nyuma kidole kimoja tu. Nimetoa yote hayo nikapata nafasi ya kijiko.

Nilipofika la kumi na mbili nikalibonyeza vibaya, likafunguka. Lilikuwa lile la kujenga mji. Bibi, ni mji kweli. Kuna barabara zimenyooka, kuna hospitali, soko, mto, na darajani kuna taa. Juu kabisa limeandikwa jina la mwenye mji: Tuntufye.

Nikaita, "Dada Stumai, Tuntufye ni jina la Zambia?" Akatoa pini mdomoni akasema, "Mimi wa Tanga nakufahamisha wewe? Darasa la mwanangu lina akina Tuntufye wawili. Huyo ni wa huku huku."

Nikaifunika mashine haraka kama chungu kilichofurika.

Nimebakiza magemu matatu na nyimbo themanini za kuchapa. Niambie kama nimekosea, Bibi, lakini usiniambie niache kazi. Tafadhali.

Mjukuu wako,
Edina


Kamsamba,
2 Machi 2025

Mke mwenzangu,

Marahaba. Sisi wazima, mvua inanyesha kama ina ugomvi na sisi.

Umekosea. Haya, umeambiwa.

Hayo matatu yaliyobaki yaache. Mkono uweke mfukoni. Kazi hujaambiwa uache, chapa nyimbo zako kwenye hicho kijiko cha nafasi ulichopata, na zikizidi ziweke kwenye kile kijiti, Felix anakiita flashi. Lakini kesho asubuhi, kabla hujafungua hiyo fremu, mshike mkono dada Stumai awe shahidi, mwende kwa mtendaji wa mtaa. Mwambie: nilinunua kwa fulani, siku fulani, nimekuta jina la mtoto wa huku. Aandike. Basi.

Najua unaogopa. Wataichukua, na kona itakwenda kwa msusi. Ogopa, ni haki yako. Lakini uogope ukiwa njiani kwenda kwa mtendaji.

Kompyuta si ng'ombe, unasema. Sawa. Wewe unajua kompyuta. Mimi najua masikio.

Nijibu upesi. Balthazar anarudi wiki hii kama mto utamruhusu.

Bibi yako


Kamsamba,
23 Machi 2025

Edina,

Hujambo mwanangu? Upo mzima? Unakula? Hapa wazima, ila mimi silali vizuri. Wiki tatu hakuna barua. Mto umefurika, lori la Balthazar limekwama ng'ambo, na nilipovunja sheria yangu mwenyewe nikamwambia baba yako mdogo akupigie, simu ikasema hupatikani. Hupatikani! Mtu mzima hapatikani vipi? Nimekuwaza polisi. Nimekuwaza hospitali. Nimewaza umekasirika kwa kugombezwa, hilo likanipa nafuu kidogo, maana aliyekasirika yu hai.

Barua hii inavuka kwa mtumbwi, kisha mtu wa bodaboda ataifikisha Mlowo ipande basi. Nimeambiwa italowana. Ilowane, ilimradi ifike.

Nataka kukueleza kwa nini najua masikio. Felix, hapa usinyanyue kichwa, wewe andika tu.

Unajua sisi hatukuanzia Kamsamba. Tulipotoka Usukumani na ng'ombe tulikaa kwanza Igamba, juu kwenye baridi, miaka minne. Unajua tulihama. Mmeambiwa tulifuata malisho. Si kweli.

Baba yako alikuwa hajatimiza mwaka. Mimi maziwa yalikauka, ng'ombe wetu wawili waliokuwa wakinyonyesha wakafa kwa wiki moja. Babu yako alikuwa ameshuka huku bondeni kutafuta majani. Mtoto analia, nampa uji wa maji, anautema. Asubuhi moja nikakuta zizini mtamba mwekundu aliyezaa punde, ndama simuoni, matiti yamejaa. Alikuwa ameponyoka na mvua. Sikio lake lilikuwa na mkato wa Mzee Andongwisye, jirani wa mlima wa pili. Niliujua ule mkato kama ninavyoujua uso wako.

Siku ya kwanza nikasema nitamkamua tu leo. Siku ya pili nikasema leo. Wiki ya tatu mtoto kanenepa, na mimi nikachukua kisu. Nilimfunga mtamba kwenye mti, nikaukata mkato wa Andongwisye nikaufanya wetu, pembe nyuma na tundu katikati. Nilipaka majivu damu ikakauka. Babu yako aliporudi nikamwambia nimembadilisha kwa mahindi. Akaniamini.

Felix ameweka kalamu chini. Nimemwambia aiokote.

Andongwisye akaja na wazee mwezi uliofuata. Akashika sikio, akalikunja, akatafuta kwa kidole. Kovu la zamani halifutiki, Edina, linakaa chini ya jipya. Babu yako aliangalia lile kovu. Kisha akaniangalia mimi, mara moja tu. Akasema mbele ya watu wote, "Ni mimi nimekata."

Wakamwita mwizi. Walichukua mtamba wao na wetu watatu, na kijiji kikatuambia tuondoke. Alitembea kutoka Igamba mpaka hapa bila kofia, jua lote, kwa sababu kofia waliivua wakaitupa. Tuliishi naye miaka thelathini na moja baada ya hapo. Hakuniuliza hata siku moja. Na mimi sikusema. Amezikwa na jina hilo, na mimi nilikaa kichwani pa kaburi nikilia kama mjane mwema.

Haya, umeshajua bibi yako ni nani.

Sisemi wewe ni mwizi. Ulinunua. Lakini siku utakayoondoa mchezo wa mwisho huku unajua ni wa nani, siku hiyo kisu kitakuwa mkononi mwako. Mimi nilikuwa na mtoto anayelia njaa na bado mkono wangu haujapoa. Wewe utakuwa na kitabu cha nyimbo.

Acha lile gemu la mji. Nakuomba. Mimi siombi, unanijua, lakini hili naomba.

Bibi yako
(Alama ya dole gumba. Ameniomba nisiitengeneze barua hii, sijaitengeneza. — Felix)


Tunduma,
26 Machi 2025

Bibi,

Shikamoo. Sijui barua hii itakufikaje, Balthazar anasema bado amekwama. Simu yangu ilianguka kwenye maji ya mtaro, iko kwa fundi. Ni mzima, usiwe na wasiwasi.

Hapana, kuwa na wasiwasi. Nitakuambia.

Barua yako ya tarehe mbili ilinifikia imechelewa siku kumi. Kwa mtendaji sikwenda. Nilisema nitakwenda nikimaliza nyimbo. Magemu mawili nikayatoa, nikabakiza lile la mji. Kwa nini nilibakiza lile sijui. Nilikuwa nalifungua mchana wateja wakiwa hawapo, naangalia daraja.

Jumatatu aliingia mwalimu mmoja wa Ihanda, Mwalimu Kefa, kutoa kopi za mtihani. Mpole, ana koti la kijivu. Nikamwona anatazama kona ya kompyuta, pale ilipovunjika ikagundishwa kwa gundi nyeusi. Akasema, "Binti, samahani sana. Hii umeipata wapi?"

"Nimenunua, Mwalimu. Imetoka Zambia."

"Sisi tuliibiwa Desemba, tukiwa kanisani. Ile kona niligundisha mwenyewe." Akaigusa kwa kidole kimoja tu. "Lakini gundi nyeusi kila mtu anayo. Humo ndani hukukuta magemu ya mtoto?"

Nikasema, "Hakuna."

"Hata moja? Binti yangu alikuwa na moja la kujenga mji. Kila jioni ananiuliza kama mji wake bado upo."

Bibi, nilimtazama machoni. Nikasema, "Hakuna, Mwalimu. Niliikuta tupu."

Akasema, "Nisamehe kwa kukushuku." Akachukua kopi zake, akaaga, mpaka mlangoni akageuka tena kuomba radhi.

Cherehani ya dada Stumai ilikuwa imenyamaza muda wote. Alisubiri mwalimu avuke barabara. Akasema, "Edina, kitambaa cha mtu nikikikata vibaya, namwambia." Akaendelea kushona. Tangu Jumatatu hajanitania hata mara moja, na wewe hujui nyumba hii inavyokuwa bila utani wake.

Nyimbo mia na ishirini zimekamilika. Ijumaa nachapisha. Jumamosi nitauondoa mji, nitamwaga pipa la taka, na hapatakuwa na kitu cha mtu yeyote kunyooshea kidole. Bibi, siwezi kurudi nyumbani mikono mitupu wakati ndama wako ameshauzwa. Siwezi. Sema utakalosema.

Mjukuu wako,
Edina


Kamsamba,
2 Aprili 2025

Edina,

Sina salamu.

Barua yako imefika leo Jumatano. Jumamosi yako imeshapita siku nne. Nilikutumia barua ndefu kwa mtumbwi tarehe ishirini na tatu. Ilikufika? Ilikufika kabla au baada? Felix amehesabu siku kwa vidole mara mbili, hapati jibu.

Kama haikufika, itakufika, na utalia. Kama ilifika na bado ulifanya, niandikie hivyo hivyo, sitakutupa. Mimi wa kumtupa nani?

Ila usinyamaze. Mtu alinyamaza miaka thelathini na moja katika nyumba hii, inatosha.

Bibi yako


Tunduma,
7 Aprili 2025

Bibi yangu, mke mwenzangu,

Shikamoo. Ndiyo, leo nami nimekuita hivyo, dada Stumai amenipa ruhusa. Nakuomba radhi kwa siku hizi zote. Mguu vipi? Najua, nisiulize.

Barua yako ndefu ilifika Jumamosi ile saa nne asubuhi. Konda wa basi aliileta imelowana, wino umetambaa kama konokono. Mashine ilikuwa wazi. Nilikuwa nimeshaamuru, na ilikuwa imeniuliza kama nina hakika. Nikasema nisome kwanza ya Bibi, kisha nikubali.

Nilisoma nimesimama. Nilipofika pale babu alipokuangalia mara moja, nikakaa chini, kwenye vipande vya vitambaa. Dada Stumai akaja, akaichukua barua, akasoma yote, akajifuta na kanga. Kisha akafunga fremu mchana kweupe, Jumamosi, siku yenye wateja. Akasema, "Twende Ihanda. Beba na chaja."

Mwalimu Kefa alikuwa anapalilia kahawa nyuma ya nyumba. Nikaweka kompyuta kwenye benchi, nikasema, "Mwalimu, mji upo. Nilikudanganya." Nilikuwa nimepanga maneno mengi ndani ya gari. Yote yalipotea, yakabaki hayo.

Akaweka jembe chini. Akasema, "Siku ile ulinitazama machoni."

"Ndiyo."

"Na mimi nikaomba msamaha. Mara mbili."

"Ndiyo, Mwalimu."

Hakusema amenisamehe, Bibi. Sikutaka aseme. Alimwita binti yake. Tuntufye ana miaka kumi, mwembamba, ana pengo. Hakunisalimu hata, aliifungua mashine, akaingia mjini kwake, akakagua barabara moja moja kama mwenyekiti wa kijiji. Akasema, "Daraja lipo." Kisha akauliza, "Na yale mengine kumi na matatu?"

"Nimeyatoa mimi. Nilitaka nafasi."

Akanitazama kwa huruma, ile ya mtu anayemwona mjinga. "Dada, magemu yangu ni madogo. Kilichojaza ni mipira ya baba." Akabonyeza huku na huku, akafungua mahali palipofichwa. Bibi, zilikuwa video za mechi za mpira, miaka sita ya mechi! Mwalimu alikuwa amezificha mkewe asizione. Mkewe alikuwa amesimama mlangoni na sahani ya viazi. Dada Stumai alicheka mpaka akashika ukuta, mke naye akacheka, mwalimu akatazama kahawa yake. Mimi nilicheka huku nalia. Nimemng'olea mtoto michezo kumi na mitatu bure.

Kompyuta imebaki kwao. Kitabu cha nyimbo nilikuwa nacho kwenye flashi, kwaya imekipokea, Pasaka wataimba. Kwa mtendaji tumekwenda na Mwalimu, Josephat ametajwa, lakini banda lake limefungwa na simu haipokelewi. Kona ameichukua msusi tangu jana. Mimi nashona vifungo kwa dada Stumai mpaka nijue la kufanya. Utani umerudi. Ananiita Mama Kijiko, kwa ile nafasi niliyoipata.

Mikono ni mitupu kweli. Naweza kuja nayo hivyo?

Kuhusu babu. Nilisoma mahali pale mara nyingi. Nadhani hakukuuliza kwa sababu alikuwa anamwona baba amenenepa.

Mjukuu wako,
Edina


Kamsamba,
27 Aprili 2025

Mke mwenzangu Edina, Mama Kijiko,

Marahaba, marahaba, marahaba. Barua yako nimesomewa mara tano, Felix amekaukiwa na koo nimempa maziwa. Sisi wazima. Mto umeshuka, mpunga umeanza kuinama. Mikono unayoiita mitupu ndiyo ninayoihitaji shambani, mvunaji mmoja wa bure ni mmoja.

Uliloandika mwisho kuhusu babu yako, nimemwambia Felix asilisome mbele ya watu. Nalisomewa peke yangu.

Sasa sikiliza. Felix alimwandikia katekista wa Igamba. Amejibiwa. Mzee Andongwisye alifariki zamani. Mkewe, Anyosisye, yu hai, mzee kuliko mimi, bado anakwenda kanisani kwa miguu. Walimuuliza habari ya mtamba. Amesema anamkumbuka, mwekundu, ana doa jeupe chini ya shingo. Amesema ndama wa mtamba yule alikufa kwa kukosa maziwa. Hilo mimi sikulijua. Miaka yote nilihesabu sikio tu.

Baba yako mdogo amepiga kelele, mambo ya zamani, watu watasema nini, jina la ukoo. Nimemwambia jina la ukoo ndilo ninalolifuata Igamba. Limekaa huko limesimama juani bila kofia.

Jumatano ya tarehe saba Mei napanda na Balthazar. Nitakaa mbele, mguu nitaunyoosha. Nyuma kwenye magunia tumempangia nafasi mtamba, mwekundu, wa uzao wa wale tuliobaki nao. Wewe panda gari la Mlowo, kisha uje Igamba unisubiri pale lori linaposimama, uwe mkono wangu wa kushikia kwenye ule mlima wa pili. Nikifika mbele ya yule mama nitasema mwenyewe kwa mdomo wangu kwamba nilikata mimi, na Bugalama hakukata. Nikishindwa kusema, unifinye.

Mtamba amefikia umri wa kutiwa alama. Kila aliyepita zizini ameniuliza ninangoja nini.

Sikio lake ni zima. Watakata wao.

Bibi yako
(Alama ya dole gumba)